Fundi na Kazi ya Mikono Yake

Msafiri atokaye Iringa mjini kuelekea Mbeya, akiisha kwenda kilometa 20 hivi, hufika karibu na korongo la Isimila. Hapo, chini ya nguzo za udongo zilizochongwa na maji ya mvua, yamelala mashoka ya mawe yaliyotengenezwa na viumbe wa zama za mbali mno, kabla ya watu wa namna yetu kuenea duniani. Mahali hapo palijulikana kwa wataalamu mwaka 1951, na katika miaka ya 1957 na 1958 Profesa F. Clark Howell wa Marekani na wenzake wakapachimba. Upimaji uliofanywa baadaye ulionyesha kwamba mawe hayo yaweza kuwa na umri wa miaka 260,000 hivi. Mengi ni ya ukubwa wa kawaida, yenye kutosha kiganja cha mkono, na kazi yake yaeleweka: kukata, kuchuna, kuchimba. Lakini miongoni mwake yapo machache makubwa mno na mazito, ambayo mtu hawezi kuyatumia kwa mkono mmoja ila kwa taabu. Na hayo pia yamechongwa kwa uangalifu, upande huu na upande huu, hata yakalingana.

Wataalamu wamebishana juu ya mashoka hayo makubwa. Wako wanaosema yalikuwa na kazi yake maalumu ya mikono miwili, na wako wanaosema yalichongwa ili yaonekane na kusifiwa. Sisi hatudai kuumaliza ubishi huo. Lakini mtu anayesimama mbele ya jiwe la namna hiyo hana budi kujiuliza swali moja. Huenda mchongaji alifika mahali ambapo shoka lilikwisha kuwa shoka, likatosha kwa nyama na kwa mizizi, naye asiweke chini jiwe lake, bali akaendelea. Ikiwa ndivyo, alikuwa akitafuta nini? Na wenzake waliokuwa wakingoja nyama ikatwe, walimwonaje?

Swali hilo ndilo tunalotaka kulizungumza katika insha hii, kwa sababu halikuishia Isimila. Nalo ni hili: je, fundi aweza kuipenda kazi ya mikono yake kupita anavyowapenda watu? Na akiwa aweza, amekosa nini, na amemkosea nani?

Ili tusizungumze hewani, na tumfikirie mtu mmoja. Hatumtaji jina, kwa kuwa ni mtu wa mfano tu. Lakini mwalimu aliyefundisha katika vijiji vya kati ya Mafinga na Makambako hatakuwa na shida kumtambua mtu wa namna yake. Ni mchonga vigoda. Hukata gogo la mninga, akatoa ndani yake kigoda cha miguu mitatu pasipo kuunga kipande kwa kipande, kwa shoka, tezo na kisu tu. Mkewe alikwisha kufariki, na watoto wake wamekwenda mijini. Mwanzoni alichonga ili auze, na watu wakanunua. Kisha akaanza kuchelewesha kazi za watu, akisema kigoda hakijawa tayari, ingawa mwenye kukiagiza alikiona kuwa tayari tangu juma lililopita. Baadaye vikatokea vigoda ambavyo alikataa kuviuza kwa bei yoyote, akaviweka ndani ya nyumba. Vilipojaa ndani, akahamishia jiko nje. Akaacha kwenda misibani, kwa kuwa alikuwa na kazi. Akaacha kwenda ngomani kwa sababu hiyo hiyo. Hatimaye watoto waliotumwa kuomba moto kwake wakarudi wakisema kwamba wamemsikia akizungumza, na ndani hamna mtu.

Mbele ya mtu wa namna hii, jamii yetu huwa na majibu mawili ya haraka, na yote mawili yana hatari.

Jibu la kwanza ni la kijijini. Husemwa kwamba mtu huyu si bure, ana jambo. Anayejitenga na wenzake, anayekesha taa inawaka, anayezungumza na miti, atakuwa ana mapatano na nguvu ambazo hazizungumzwi mchana. Maneno hayo huanza kama mzaha kisimani, yakaishia kuwa shtaka. Sote twajua kwamba katika nchi yetu, na nyanda zetu za juu zikiwamo, watu wamepigwa, wamefukuzwa na wameuawa kwa tuhuma za uchawi zisizo na msingi wowote. Na aghalabu walioangukiwa na balaa hilo walikuwa wazee, wajane na watu wapweke. Kwa hiyo hili si suala la kujifurahisha kwa fikira tu. Upweke wa fundi ukitafsiriwa vibaya, damu yaweza kumwagika. Mwalimu na mwanafunzi wanaosoma kurasa hizi wana wajibu wa kwanza kabisa wa kulikataa jibu hilo, na kulikataa kwa sauti, hapo hapo linapoanza.

Jibu la pili ni la mjini, nalo huonekana la kiungwana zaidi. Husemwa kwamba huyu ni msanii, na msanii lazima awe hivyo. Mwacheni na vigoda vyake, kwa maana kipaji hakiishi nyumba moja na desturi. Jibu hili halimpigi mtu mawe, lakini halimpelekei hata uji. Humwacha mtu afe peke yake kati ya vitu vizuri, kisha huja kuvikusanya vitu hivyo na kuviweka katika kabati la vioo. Wenye jibu la kwanza humfukuza kwa hofu, na wenye jibu la pili humtelekeza kwa sifa. Katika yote mawili, hapana aliyeketi naye.

Basi yatupasa kutafuta jibu la tatu, na tuanze kwa kumtendea haki fundi mwenyewe. Wahenga walisema: ukiona vyaelea, vimeundwa. Hapana kitu kizuri kilichowahi kuundwa na mtu ambaye moyo wake haukuzama ndani yake. Mwanamke wa Iringa asukaye kikapu cha milulu huhesabu nyuzi zake kimya kimya. Ukimsemesha katikati ya hesabu, mstari utapotoka, na kikapu kitabaki na kosa hilo hadi siku ya kuchakaa kwake. Mwanafunzi anayetafuta jawabu la hesabu ngumu huufunga mlango. Mwalimu anayesahihisha madaftari usiku huwa amewaacha wa nyumbani kwake, ingawa ameketi nao chumba kimoja. Kazi ya kweli hudai sehemu ya nafsi ya mtu, na sehemu hiyo haitolewi mbele ya kelele. Kwa hiyo kujitenga kwa ajili ya kazi si kosa. Wala kuipenda kazi si kosa. Taifa lenye mafundi wasioipenda kazi yao litakuwa na viti vinavyovunjika, paa zinazovuja, na madaraja yanayoua watu.

Ikiwa kujitenga si kosa, na mapenzi si kosa, kosa li wapi? Hapa ndipo tunapoweza kujifunza kwa wazee wetu, hasa wale waliokuwa wakiyeyusha chuma.

Nyanda za Juu za Kusini zilikuwa nchi ya chuma. Wafipa, ambao nchi yao ilikuwa ndani ya Mkoa wa Mbeya hadi Mkoa wa Rukwa ulipoundwa mwaka 1974. Wanyiha wa Mbozi, ambayo tangu mwaka 2016 imo katika Mkoa wa Songwe. Na Wapangwa wa Ludewa, iliyokuwa ya Mkoa wa Iringa hata mwaka 2012 ulipofanywa Mkoa wa Njombe: wote hao waliujua ufundi wa kutoa chuma katika udongo na mawe ya nchi yao. Wataalamu kadha wameuandika ufundi huo, miongoni mwao J. A. R. Wembah-Rashid, aliyewaandika wafua chuma wa Ufipa katika miaka ya 1960, na Randi Barndon wa Norwei, aliyewalinganisha Wafipa na Wapangwa.

Katika Ufipa tanuri lilijengwa kwa udongo hata likapita kimo cha mtu, likafikia mita tatu hivi. Halikuhitaji mivukuto. Chini yake yaliachwa matundu pande zote, na upepo ukaingia wenyewe, ukavutwa juu na joto la moto. Mkaa na mawe ya chuma vilijazwa kwa tabaka, na moto ukawaka siku kadha. Bonge lililotoka humo halikuwa bado chuma safi. Lilipelekwa katika tanuri dogo lenye mivukuto, likayeyushwa tena, ndipo likafika kwa mhunzi, mbele ya fuawe na nyundo. Kwa Wapangwa namna ya tanuri ilikuwa nyingine, na mivukuto ilitumika tangu mwanzo. Lakini shabaha na heshima ya kazi ilikuwa ile ile.

Sasa na tuangalie jinsi watu hao walivyoishi wakati wa kazi. Tanuri halikujengwa kijijini. Wanaume walitoka wakati wa kiangazi, wakapiga kambi mbali na nyumba zao, karibu na miti ya mkaa na mahali pa mawe ya chuma. Wakati wote wa kazi walijizuia na wake zao. Na tanuri lenyewe walilihesabu kama mwanamke: walilipamba na kulitendea kama bibi arusi, wakalitia dawa, na chuma kilichotoka ndani yake kikahesabiwa kuwa ni mtoto wake. Mgeni asiyeelewa angesema watu hawa wamerukwa na akili: wamewaacha wake zao wa damu na nyama, wakaenda porini kumwoa mke wa udongo.

Lakini hawakurukwa na akili. Walijua jambo ambalo mchonga vigoda wetu hakupata wa kumkumbusha. Walijua kwamba kazi kubwa ina mvuto kama wa mapenzi, na kwamba mvuto huo hauwezi kukanushwa. Badala ya kuukanusha, waliuwekea ua. Kwanza, waliuwekea mahali: porini, si nyumbani. Pili, waliuwekea wakati: kiangazi kina mwisho, na mvua za kwanza humwita kila mtu shambani. Tatu, waliuwekea watu: hapana aliyekwenda peke yake, mkuu wa kazi alikuwa na wenzake na wasaidizi wake, na kijana aliyebeba mkaa mwaka huu aliweza kuwa mjuzi wa miaka ijayo. Nne, na hili ndilo kubwa, waliuwekea njia ya kurudi.

Njia hiyo ya kurudi ilikuwa nini? Ilikuwa jembe. Chuma cha tanuri kiligeuzwa majembe, mashoka na mikuki. Jembe lilikwenda shambani. Lilibadilishwa kwa nafaka, chumvi na mifugo na watu wa nchi za mbali. Na zaidi ya hayo, jembe lilitolewa mahari. Hebu tulitafakari jambo hili. Kazi iliyomtenga mwanamume na mkewe ilizaa kitu kile kile ambacho kijana alikihitaji ili aoe. Bibi arusi wa udongo alizaa mahari ya bibi arusi wa kweli. Upweke wa kambini ulikwenda kulipia ndoa, ndoa ikaleta watoto, na watoto wakashika majembe. Duara likafungika. Wazee hao hawakuandika kitabu cha falsafa, lakini katika desturi yao limo jibu la swali letu: mapenzi ya fundi kwa kazi yake ni halali maadamu kazi hiyo inajua njia ya kurudi kwa watu.

Hata hivyo, hatutaki kuwasifu wazee kwa kila jambo, kama ilivyo desturi ya baadhi ya waandishi wa utamaduni. Miiko ya tanuri iliwafukuza wanawake, hasa waliokuwa katika siku zao, na kuwabebesha lawama chuma kilipokataa kutoka, ilhali sababu yaweza kuwa ilikuwa mkaa mbichi au upepo mchache. Dawa na siri zilifungwa kwa wachache. Na siri ina gharama yake. Yalipokuja majembe ya kiwandani kutoka ng'ambo, ya rahisi na mengi, moto wa matanuri ulizimika mmoja mmoja wakati wa utawala wa kikoloni. Na kwa kuwa ufundi ulikaa katika vichwa vya wachache, ulikufa pamoja nao. Wataalamu walipotaka kuuona, iliwabidi kuwatafuta wazee waliokuwa wakiukumbuka ili walijenge tanuri kwa ajili ya kuonyesha tu. Baada ya uhuru tulijenga viwanda vyetu vya majembe, Ubungo katika Dar es Salaam na Zana za Kilimo katika Mbeya. Lakini hapana daraja lililounganisha mhunzi wa Unyiha na mashine za Mbeya. Na katika Ludewa, ambako Wapangwa walijua thamani ya chuma kabla ya mpima madini yeyote kufika, mlima wa Liganga umezungumzwa kwa miaka mingi kama akiba ya chuma ya taifa, bila ya mtu kuuliza wale wazee waliitaje miamba hiyo.

Twasema haya kwa sababu yanahusu swali letu moja kwa moja. Upweke wa fundi una sura mbili. Upo upweke wa fundi mmoja aliyejifungia na vitu vyake; na upo upweke wa ufundi mzima uliojifungia na siri zake. Wa kwanza huua mtu, wa pili huua maarifa. Dawa ya yote mawili ni moja, nayo ni mwanafunzi.

Na tutoke milimani, tuteremke ziwani. Katika pwani ya kaskazini ya Ziwa Nyasa, katika Wilaya ya Kyela, wanakaa Wakisi. Chini ya milima ya Livingstone, katika kijiji cha Ikombe na jirani zake, ardhi ya kulima ni chache, na wanawake wa huko wamekuwa wafinyanzi tangu zamani. Hufinyanga kwa mikono, husugua chungu kikang'aa, hukipamba kwa rangi ya udongo, kisha hukichoma kwa moto wa wazi. Vyungu hupakiwa katika mitumbwi, vikapelekwa sokoni Matema, na kutoka huko vikapanda Tukuyu na Mbeya na hata kuvuka nchi. Kazi hii haina kambi wala siri. Mama hufinyanga uani, mtoto mgongoni, binti kando yake akijaribu chungu kidogo cha kuchezea, ambacho kesho kitakuwa chungu cha kuuza. Kila juma vyungu huondoka, na kila juma uani hubaki mahali pa vyungu vingine.

Wahenga walisema: mfinyanzi hulia gaeni. Kwa kawaida methali hii hutajwa kwa kumsikitikia mfinyanzi: yeye awapatiaye watu wote vyungu, mwenyewe hula katika kigae. Nasi twakubali kwamba ndani yake mna huzuni ya kweli. Mtu asiyejibakizia kitu chochote cha kazi yake amejinyima haki yake. Lakini methali hiyo ina upande wa pili. Mfinyanzi ameuvunja ule mvuto ambao mchonga vigoda ameshindwa kuuvunja. Yeye anajua kwamba chungu hakimaliziki motoni. Humalizika siku kinapopikiwa maharage katika nyumba ya mtu ambaye yeye hamjui. Basi huyu ana upungufu wa kutojibakizia kitu, na yule ana upungufu wa kujibakizia kila kitu. Haki iko katikati: fundi na abakize kimoja kwa macho yake, na vingine avipe njia.

Hapa msomaji aweza kuleta pingamizi yenye uzito. Atasema: mnamlaumu mchonga vigoda kwa kukataa kuuza, lakini mmeuliza ni nani anayenunua, na kwa bei gani? Swali hilo ni la haki, na lazima tulijibu. Mchuuzi husimamisha gari barabarani, akakitazama kigoda cha siku kumi, akataja bei isiyotosha hata chakula cha siku tatu; kisha huko mjini akakiuza kwa mara nyingi zaidi, wala jina la fundi halitajwi. Karl Marx aliandika mwaka 1844 kwamba mfanyakazi wa kiwandani hugeuka kuwa mgeni mbele ya kitu alichokiunda mwenyewe, kwa sababu kitu hicho humtoka mikononi na kuwa cha mwingine, kikampa nguvu mwingine. Mchonga vigoda hakusoma maneno hayo, lakini ameyaonja. Kukataa kwake kuuza kulianza, pengine, kama heshima: alikataa kitu chake kisidharauliwe. Mtu ambaye kazi yake haithaminiwi na watu ataithamini peke yake, na thamani isiyo na mshiriki hugeuka kuwa wazimu kidogo kidogo. Kwa hiyo, tunapolitazama kosa lake, tutaona kwamba sehemu yake si yake. Ni yetu sisi tulionunua kiti cha plastiki, tukaona aibu kumkalisha mgeni juu ya kigoda. Wahenga walisema, mcheza kwao hutunzwa. Na asiyetunzwa kwao, tumshangae kwa nini akicheza peke yake?

Mataifa mengine nayo yamelijua suala hili, na visa vyao vyatusaidia. Wayunani wa kale walisimulia habari za Pygmalion wa Kipro, aliyewachukia wanawake wa mji wake, akakaa peke yake, akachonga sanamu ya pembe ya ndovu, akaipenda. Na mungu wao wa mapenzi akaitia uhai. Watu wengi hukifurahia kisa hicho kwa mwisho wake mwema. Sisi twaona kwamba mwisho huo ni hatari, kwa kuwa wamfundisha mpweke kwamba akingoja vya kutosha, kitu kitamjibu. Kitu hakijibu. Mary Shelley wa Uingereza, katika riwaya yake Frankenstein iliyotoka mwaka 1818, aliuona upande mwingine. Mtaalamu kijana anajifungia chumbani, anaacha kuwaandikia ndugu zake, anaunda kiumbe. Kiumbe kinapofumbua macho, muundaji anakimbia. Watu hukumbuka ubaya wa kiumbe, lakini kosa lilitangulia: muundaji alikipenda kitu chake kilipokuwa bado ni ndoto yake, akakikana kilipokuwa na haja naye. Mapenzi yake yalikuwa ya kujipenda mwenyewe. Na hilo ndilo jambo ambalo kila fundi hana budi kujichunguza: je, nakipenda kitu hiki kwa faida ya atakayekitumia, au nakipenda kwa kuwa ndani yake naiona sura yangu?

Baada ya kuzunguka hivyo, twaweza sasa kusema kwa ufupi tunavyoliona jambo lenyewe. Mapenzi ya fundi kwa kazi yake ni mema, nayo ni mali ya taifa. Huharibika yanapokosa moja ya mambo matatu. Likikosekana pumziko, kazi itamla mtu. Akikosekana mrithi, kazi itazikwa pamoja na mtu. Likikosekana tumizi, kazi itageuka kuwa sanamu ya kuabudiwa. Wazee wa tanuri walikuwa na yote matatu, ingawa walikosea katika mengine. Mama wa Ikombe anayo. Mchonga vigoda hana hata moja, na hakuyapoteza kwa hiari yake yote. Mengine aliyapoteza kwa sababu ya kifo, mengine kwa sababu ya njia za mijini zilizowameza watoto, na mengine kwa sababu ya dharau yetu.

Kwa hiyo, tukiulizwa yatupasa kumtendea nini, hatutasema afukuzwe wala aachwe. Hatutasema hata ahubiriwe, maana mtu mpweke amekwisha kujihubiria mengi usiku. Twasema apelekewe mtoto. Shule za sekondari katika nyanda zetu ni nyingi kuliko zamani, na katika kila moja wapo kijana mmoja au wawili ambao mikono yao ina akili kupita ulimi wao, na ambao hupata alama ndogo kwa sababu mtihani haujui kupima mikono. Falsafa ya Elimu ya Kujitegemea, iliyotangazwa na Mwalimu Julius Nyerere mwaka 1967, ilitaka shule isijitenge na kazi za watu wanaoizunguka. Twaweza kubishana juu ya namna ilivyotekelezwa. Pengine jembe la shule liligeuka kuwa adhabu badala ya somo. Lakini wazo lenyewe halijazeeka. Mwalimu na amchukue kijana huyo, amfikishe kwa mzee, abishe hodi kama inavyostahili: shikamoo, babu, tumekuja kujifunza.

Hatudai kwamba mzee atawapokea kwa furaha. Yaelekea atanuna. Atasema kijana huyu ameshika tezo kama mwiko wa ugali. Atamfanya achonge mguu mmoja wa kigoda kwa juma zima, na kuutupa motoni. Lakini siku atakapoutupa mguu huo motoni, atakuwa amezungumza na mtu. Na siku kijana atakapokosea, atalazimika kueleza kwa maneno jambo ambalo mikono yake imelijua kwa miaka arobaini bila ya kulisema. Na siku ya tatu au ya nne, kijana atakapochoka, atatafuta mahali pa kukaa. Ndani ya nyumba kimejaa vigoda ambavyo hapana aliyewahi kuvikalia. Mzee atasita. Kisha, tunaamini, atavuta kimoja, akikung'ute vumbi, na kumwambia: karibu, mwanangu, keti.